Katibu Aliyejenga Studio: Niliyojifunza kwa Alice Guy

Alice Guy aliingia katika filamu kwa mlango wa ofisi. Mwaka 1894, alipoajiriwa na kampuni ya vifaa vya kupigia picha jijini Paris, hakujua lolote kuhusu kamera. Alichokuwa nacho ni ujuzi wa kupiga taipu na kuandika kwa hatimkato, ujuzi aliousomea kwa sababu baba yake, aliyekuwa na maduka ya vitabu nchini Chile, alikuwa amefilisika na kufariki, na binti akalazimika kutafuta riziki yake na ya mama yake. Mwaka uliofuata mmoja wa wakubwa wake, Léon Gaumont, aliichukua kampuni hiyo kwa msaada wa wenye mtaji, akiwemo Gustave Eiffel, mhandisi wa ule mnara, na katibu akabaki mezani pake.

Mimi pia ni mhazili kwa mafunzo. Nilisoma Chuo cha Uhazili Tabora, nikaja Dar es Salaam nikitarajia kuketi nje ya mlango wa mkurugenzi fulani wizarani, lakini kazi iliyopatikana ilikuwa katika kampuni ndogo iliyorekodi matangazo, michezo ya kuigiza na baadaye filamu za video, wakati biashara ya filamu za Kiswahili ilipokuwa inaanza kushika kasi Kariakoo. Palihitajika mtu wa kuandika barua za kuomba vibali, wa kutunza stakabadhi, wa kuwapigia waigizaji simu alfajiri na kuhakikisha jenereta ina mafuta. Mtu huyo nikawa mimi. Ilipita muda mrefu kabla sijafahamu kwamba kazi niliyokuwa naifanya ndiyo inayoitwa utayarishaji, na kwamba katika filamu nyingi mtu anayeifanya ndiye mwenye filamu.

Habari za Alice Guy nilizipata katika warsha iliyofanyika Zanzibar wakati wa tamasha la filamu, ambako mkufunzi alimtaja kwa sentensi mbili kama mwanamke wa kwanza kuongoza filamu, kisha akaendelea na wanaume. Nilipomsoma baadaye, pamoja na kumbukumbu alizoandika mwenyewe, niliona kwamba sifa hiyo ya uongozaji, ambayo wataalamu wanaibishania kwa mwezi na mwaka, inaficha jambo kubwa zaidi. Filamu yake inayotajwa kuwa ya kwanza, La Fée aux Choux, ni ya dakika moja hivi, inamwonyesha kichimbakazi akiokota watoto wachanga katika bustani ya kabichi, na yeye mwenyewe aliiweka mwaka 1896. Iwe ni mwaka huo au baadaye kidogo, mimi sioni kwamba uzito wa maisha yake uko hapo. Uzito uko katika miaka kumi iliyofuata, ambapo alisimamia utengenezaji wote wa filamu za kampuni ya Gaumont: nani aandike, nani apake rangi mandhari, ni kiasi gani kitumike na filamu itoke lini.

Namna alivyoipata nafasi hiyo inafaa kutazamwa kwa makini. Machi 1895 yeye na Gaumont walihudhuria onyesho ambalo ndugu Lumière waliwaonyesha watu wachache chombo chao kipya, wafanyakazi wakitoka kiwandani. Gaumont aliona mashine ya kuuza. Katibu aliona kwamba mashine hiyo inaweza kusimulia hadithi, akaomba ruhusa ya kujaribu na marafiki zake, na akaruhusiwa kwa sharti kwamba kazi za barua zisilale. Ruhusa ilitoka kirahisi kwa sababu filamu haikuwa bidhaa. Bidhaa ilikuwa kamera, na filamu ilikuwa kionjo cha kumvutia mnunuzi. Nimeyaona haya kwa macho yangu. Kazi ambayo haijaanza kuleta fedha hukabidhiwa mwanamke bila mjadala, tena kwa shukrani, na mjadala huanza siku fedha inapoonekana. Wakati filamu zetu zilipokuwa zikirekodiwa kwa kamera ya harusi katika sebule za kuazima huko Sinza, hakuna aliyeuliza kwa nini msichana wa ofisini ndiye anayepanga ratiba. Swali hilo lilikuja baadaye, pamoja na wadhamini.

Kwa Alice Guy pia lilikuja. Katika kumbukumbu zake anaeleza kwamba filamu zilipoanza kuleta faida, wapo waliokitaka kiti chake, na kwamba Eiffel alikuwa miongoni mwa waliomtia moyo. Alibaki kwa kuwa alikuwa ameshajenga kitu ambacho hakikuweza kuendeshwa bila yeye. Ndiye aliyemwajiri Louis Feuillade kwanza kama mwandishi wa hadithi, kisha akapendekeza amrithi alipoondoka. Henri Ménessier alimjengea mandhari. Victorin Jasset alimsaidia kupanga makundi ya watu. Mwaka 1906 walitengeneza pamoja filamu ya maisha ya Kristo yenye matukio 25 na waigizaji wa ziada wapatao 300, ikiwa na urefu wa zaidi ya nusu saa katika wakati ambapo filamu nyingi zilikuwa za dakika chache.

Watu 300! Msomaji ambaye hajawahi kusimamia kundi kwenye lokesheni anaweza kuipita namba hiyo haraka. Nimewahi kusimamia tukio la msiba huko Bagamoyo ambalo lilihitaji waombolezaji wengi, na hata kwa sehemu ndogo ya idadi hiyo niligundua kwamba swali la kisanaa, yaani kamera iwekwe wapi, linajibiwa na maswali mengine yaliyotangulia: watu wamekula saa ngapi, kivuli kiko upande gani, nani ameondoka na kanga aliyopewa ya kuigizia, na kila mmoja ameandika jina na kusaini kwenye daftari la posho au hajasaini. Mwongozaji alisimama pale akisubiri huzuni kwenye nyuso. Huzuni haiji kwa mtu mwenye njaa. Kinachokuja ni hasira. Wageni waliofika siku ile walidhani mimi ndiye mpishi, na sikuwasahihisha, kwa kuwa kwa saa ile walikuwa karibu na ukweli.

Liko jambo jingine la miaka hiyo ya Paris ambalo watu wa kwetu wanaweza kulielewa upesi kuliko wasomi. Gaumont alikuwa na mtambo wa kuunganisha santuri na filamu, na kwa ajili yake Alice Guy alitengeneza filamu zaidi ya mia moja za waimbaji, miaka zaidi ya ishirini kabla ya filamu za sauti kuenea duniani. Sauti ilirekodiwa kwanza, kisha mwimbaji akasimama mbele ya kamera akifuatisha wimbo wake mwenyewe kwa midomo. Yeyote aliyewahi kusimamia video ya Bongo Fleva anaujua utaratibu huo: spika inapiga wimbo, msanii anafuatisha, na mtayarishaji anaomba wasipishane. Iko filamu fupi ya mwaka 1905 inayomwonyesha akiwa kazini katika studio ya namna hiyo, na nilipoitazama nilitambua ule mwendo wa mtu anayehesabu mambo matano kichwani huku akionekana ametulia.

Mwaka 1907 aliolewa na Herbert Blaché, mfanyakazi mwenzake, wakahamia Marekani kwenda kuutangaza mtambo huo, na kwa hiyo akaacha cheo chake. Mtoto wao wa kwanza alizaliwa mwaka 1908. Kampuni ya Gaumont ilikuwa na studio huko Flushing, New York, ambayo haikuwa ikitumika kikamilifu, na Septemba 1910 akaanzisha kampuni yake mwenyewe, Solax, akikodi studio hiyo iliyokuwa ikikaa bure. Mtindo huo wa kuanza na chombo cha mwingine kilicholala ninauheshimu kuliko mikopo. Ndani ya miaka miwili Solax ilikuwa inatoa filamu kila wiki, na mwaka 1912 alijenga studio yake huko Fort Lee, New Jersey, kwa gharama ya zaidi ya dola 100,000, ikiwa na paa la kioo, maabara ya kusafishia filamu, karakana ya maseremala na vyumba vya kubadilishia nguo. Ukutani aliweka maandishi makubwa yaliyowataka waigizaji wawe wa asili, wasitie chumvi. Mwaka huohuo alitengeneza filamu ya vichekesho yenye waigizaji Weusi watupu, jambo ambalo halikuwa la kawaida Marekani, ingawa hadithi yenyewe haikuepuka dhihaka za zama zake.

Katika kipindi hiki chote yeye ndiye aliyekuwa rais wa kampuni, na sababu moja ni ya kimkataba: mume wake alikuwa bado amefungwa na mkataba wa Gaumont. Mkataba ule ulipokwisha mwaka 1913, alimkabidhi urais ili yeye abaki na kuandika na kuongoza. Baada ya miezi michache mume akajiuzulu na kuanzisha kampuni yenye jina la ukoo wake, iliyotumia studio ileile, vifaa vilevile na waigizaji walewale wa Solax. Hakuna aliyevunja mlango. Kila kitu kilihama kwa saini.

Ukurasa wa kumbukumbu zake ambao nimeusoma mara nyingi kuliko mwingine wowote unahusu vikao. Anaeleza kwamba mumewe alimshauri asihudhurie mikutano ya wasambazaji kwa kuwa uwepo wake ungewabana wanaume waliotaka kuvuta sigara na kutema mate kwa raha zao huku wakijadili biashara. Akakubali. Yeye, aliyewaamuru mamia ya watu jukwaani, hakuwepo katika chumba ambamo bei ya filamu zake ilikuwa ikipangwa.

Katika miaka yangu ya mwanzo bei za filamu zetu zilipangwa usiku, katika baa, baada ya ofisi kufungwa. Hakuna aliyenikataza kwenda. Ila kikao kilianza saa nilipokuwa nikimlaza mtoto, na kilichoamuliwa nilikisikia kesho yake kikiwa kimeshakuwa ahadi: msambazaji amenunua haki zote kwa malipo ya mara moja, atalipa nusu sasa na nusu filamu ikitoka. Sikuweza kukizuia kikao hicho. Nilichoweza ni kufanya kile nilichofundishwa Tabora, yaani kuandika muhtasari. Asubuhi nilikuwa nikimhoji kila aliyekuwapo, naandika waliohudhuria, yaliyojadiliwa na yaliyokubaliwa, napiga chapa nakala tatu na kumpelekea msambazaji asaini kwamba haya ndiyo tuliyokubaliana. Wa kwanza alicheka. Mwingine alikasirika na kusema kwamba biashara hii ni ya kuaminiana. Hata hivyo karatasi ina tabia yake: mtu akiisoma huanza kusahihisha, na akishasahihisha amekiri kwamba kikao kilikuwapo. Taratibu vikao vikahamia mchana, kwa sababu ilikuwa ni usumbufu kuzungumza mara mbili.

Mwaka 1914 Alice Guy aliandika makala katika jarida la biashara ya filamu la Marekani akidai kwamba hakuna jambo lolote katika utengenezaji wa filamu ambalo mwanamke hawezi kulifanya kwa urahisi sawa na mwanamume. Hapo ninamuunga mkono bila masharti. Ila makala hiyo pia inajenga hoja kwamba mwanamke ana kipaji maalumu kwa sababu ameishi karibu zaidi na hisia, na hapo sipo pamoja naye. Sijawahi kuona hisia zikilipa ankara ya jenereta. Nadhani aliandika hivyo kwa kuwa ndiyo hoja ambayo wasomaji wake wangeikubali, naye alikuwa na kampuni ya kuitetea. Lakini hoja hiyo ina gharama, kwani mwanamke akishakubali kuwa bingwa wa machozi, hesabu hupelekwa kwa mtu mwingine. Wasichana wengi wanaokuja kwangu kuomba kazi hunieleza mapenzi yao kwa sanaa. Ninawapa bajeti ya siku moja ya kurekodi waipunguze kwa robo bila kugusa chakula wala usalama, na yule anayeanza kwa kuuliza maswali ndiye ninayemchukua.

Anguko la Solax lilikuwa na sababu nyingi ambazo hazikumhusu mtu mmoja. Soko liliacha filamu fupi na kutaka filamu ndefu zilizohitaji mtaji mkubwa. Wasambazaji wakubwa wakameza wadogo. Vita vya Ulaya, uhaba wa makaa na homa kuu ya 1918 vikaisukuma biashara yote kuelekea California. Mume alikwenda Hollywood bila familia, ndoa ikavunjika, naye Alice Guy akaongoza filamu za kampuni za wengine kwa mshahara. Filamu yake ya mwisho ilitoka mwaka 1920. Mali za studio ya Fort Lee zikaishia mnadani, na mwaka 1922 akarudi Ufaransa na watoto wake wawili. Hakupata kazi ya filamu tena.

Sehemu ya maisha yake inayonigusa zaidi kitaaluma inaanzia hapa, ingawa waandishi wengi huipita upesi kwa kuwa haina kamera. Filamu za miaka ya mwanzo hazikuwa na majina ya walioshiriki. Zilibeba nembo ya kampuni tu. Nyingi ziliharibika au zilitupwa zilipoacha kuuzika. Mwaka 1927 alivuka bahari kwenda Marekani kuzitafuta filamu zake, ikiwemo katika Maktaba ya Bunge mjini Washington, na hakupata hata moja. Kampuni ya Gaumont ilipoandika historia yake, miaka ambayo yeye aliisimamia ilirukwa. Alimwandikia bosi wake wa zamani, naye akaahidi masahihisho ambayo hayakuwahi kuchapishwa wakati wa uhai wao. Wanahistoria wakagawa filamu zake kwa wasaidizi wake, na ile ya maisha ya Kristo ikapewa Jasset.

Jibu lake lilikuwa la katibu. Alikaa chini akaandika orodha: jina la filamu, mwaka, waliocheza, mandhari yalipatikana wapi. Aliandika barua kwa wanahistoria, akawaonyesha makosa, akaandika tena. Aliandika kumbukumbu zake zote, hakupata mchapishaji, akaendelea kuzitunza. Katika miaka ya 1950 serikali ya Ufaransa ilimpa nishani ya Légion d'honneur. Alifariki New Jersey mwaka 1968 akiwa na miaka 94, na kitabu chake kikatoka mwaka 1976. Anakadiriwa kuhusika na filamu zipatazo 1,000, na sehemu ndogo tu ndiyo iliyosalia, baadhi zikiwa zimepatikana katika hifadhi zikiwa na jina la mtu mwingine au bila jina lolote.

Kwetu upotevu haukuhitaji miaka mia moja. Flora M'mbugu-Schelling alitengeneza filamu ya wanawake wanaoponda kokoto Kunduchi mwaka 1992, mwaka uleule ambao Anne Mungai wa Kenya alitoa Saikati, na vijana ninaofanya nao kazi, ambao wanaweza kukutajia kila mfululizo wa Kikorea, hawakuwa wamewahi kusikia majina hayo mawili. Filamu za Kariakoo zilitoka na kava lenye sura ya mwigizaji na nembo ya msambazaji. Jina la mtayarishaji, likiwepo, lilikuwa nyuma, chini ya onyo la wizi wa kazi za sanaa. Kanda za mini-DV zilizohifadhiwa katika makabati ya Dar es Salaam zimeota ukungu kwa sababu ya unyevu, na waliozirekodi wameshauza mashine za kuzisomea.

Vituo vya televisheni vya kulipia vilipoanza kutafuta filamu za Kiswahili za miaka ya nyuma, nilifungua kabati la majalada. Kwa filamu ambazo haki zake ziliuzwa moja kwa moja hapakuwa na la kusema. Lakini zilikuwepo nyingine ambazo muhtasari uliosainiwa ulionyesha kwamba msambazaji alinunua haki ya kuuza kwenye diski peke yake na si matangazo ya televisheni, neno ambalo wakati ule hakuna aliyelijali. Tuliuza upya. Waigizaji wa filamu hizo walilipwa kwa mara ya pili, na mmoja aliyekuwa ameshafariki, mgawo wake ulikwenda kwa mjane wake kwa sababu jina la mrithi lilikuwa limeandikwa kwenye fomu ya siku ya kwanza ya kurekodi, fomu ambayo marehemu alinitania kwa kusema ninamchimbia kaburi.

Siku hizi kila filamu yangu inaanza na jalada kabla ya muswada kukamilika: mkataba wa mwandishi, usajili wa hakimiliki COSOTA, kibali cha Bodi ya Filamu, orodha ya majina yatakayopita mwishoni, ikiwa imesainiwa na kila mhusika kwamba cheo chake kimeandikwa sawa, na nakala za picha katika diski mbili zinazolala nyumba mbili tofauti. Nimewaelekeza wasaidizi wangu waandike pia ni nani aliyetoa wazo gani kikaoni, jambo linalowaudhi waongozaji wengi. Vijana wanasema karatasi zangu ni nyingi kuliko filamu zenyewe. Huwa nawajibu kwamba hoja hiyo nimeipokea, waiandike kwenye mengineyo, kisha wasaini ukurasa wa mahudhurio.